DAFTARI LA MTOTO: Nusu na theluthi, mbona jibu si mbili ya tano?

Mwezi huu tunafungua daftari la hesabu la mtoto wa P.5, pale kwenye ukurasa wenye wino mwekundu mwingi kuliko kurasa zote: kujumlisha na kutoa sehemu zenye asili tofauti. Mtoto wa P.4 anajua kwamba robo na robo ni nusu. Ukimletea nusu na theluthi, anakuangalia tu. Na mzazi naye anaangalia pembeni.

Tuanze na majina, maana nyumbani kwetu ugomvi unaanzia hapo. Makazi haya ya Nakivale yalitambuliwa rasmi mwaka 1960, na tangu zamani watu wanafika hapa kila mmoja na shule yake kichwani. Mtoto anafundishwa kwa Kiingereza, kwa sababu mtihani wa PLE wa darasa la saba ni wa Kiingereza. Baba alisoma Uvira au Bukavu kwa Kifaransa. Jirani alipitia Tanzania akaokota vitabu vya Kiswahili. Sasa mtoto anasema LCM, baba anasema PPCM, jirani anasema KDS, yaani kigawe kidogo cha shirika, na kila mmoja anadhani mwenzake kapotea njia. Jamani, ni kitu kimoja hicho! Hapa tutatumia maneno ya vitabu vya Tanzania: namba ya juu ni kiasi, namba ya chini ni asili. Kwenye 2/3, kiasi ni 2, asili ni 3.

Hata namna ya kuandika inatofautiana. Mtoto wa shule za hapa mara nyingi anachora mstari mmoja mrefu, chini yake anaandika 6 mara moja tu, na juu anaandika (3 × 1) + (2 × 1). Baba aliyesoma Congo anataka kuona 3/6 + 2/6, kila sehemu na asili yake. Zote mbili ni sahihi na jibu ni moja. Kwa hiyo, mzazi, kabla hujamfutia mtoto kazi yake, angalia kwanza jibu lake. Akipata 5/6 kama wewe, mwache na mstari wake mrefu, ndio mwalimu anautaka.

Haya, tuingie kazini. Kwa nini hatujumlishi juu kwa juu na chini kwa chini?

Chukua pesa. Una sarafu 3 za shilingi 500 na sarafu 2 za shilingi 200. Una sarafu 5, ni kweli. Lakini sarafu 5 za ngapi? Za 700? Hakuna mtu anayehesabu hivyo, hata mtoto anayetumwa dukani kununua chumvi. Mwenye duka anavunja zote kwa mia: hizi ni mia kumi na tano, hizi ni mia nne, jumla mia kumi na tisa. Basi. Alitafuta kipimo kimoja kinachoingia kwenye 500 na kinachoingia kwenye 200, akahesabu kwa hicho. Asili ya sehemu ni kama jina la sarafu: inakuambia kipande ni cha aina gani. Kiasi kinakuambia una vipande vingapi. Majina ya sarafu hayajumlishwi. Na wale wanaotembea na franga za Congo mfukoni wanajua zaidi yetu: huwezi kusema una pesa kiasi gani mpaka ubadilishe zote ziwe za nchi moja.

Sasa mtoto ameandika 1/2 + 1/3 = 2/5. Usimpigie kelele. Mletee jerikani ya lita 20. Nusu yake ni lita ngapi? Lita 10. Na mbili ya tano yake? Gawa 20 kwa 5, unapata 4, mara 2, ni lita 8. Mwulize: ulikuwa na lita 10, ukaongeza maji mengine, yakawa lita 8? Jerikani imetoboka? Atacheka, na atafuta mwenyewe. Mtoto aliyeona jerikani inamkatalia hasahau haraka kama yule aliyeandikiwa X nyekundu tu.

Jibu lenyewe: kipande gani kinaingia kwenye nusu na pia kwenye theluthi? Moja ya sita. Nusu ina vipande vitatu vya namna hiyo, theluthi ina viwili. 3/6 + 2/6 = 5/6. Rudi kwenye jerikani: lita 10, na theluthi ya 20 ni lita 6 na theluthi mbili. Jumla lita 16 na theluthi mbili. Na 5/6 ya 20 ni hiyo hiyo. Imekubali.

Wengine hawaamini mpaka waone kwa macho. Toka nje na mtoto, chukua kijiti, chora shamba la pembe nne kwenye udongo. Mama wa nyumba hii anataka kupanda mahindi kwenye theluthi ya shamba na maharagwe kwenye robo. Gawa shamba kwa mistari ya kusimama upate vipande 3 virefu. Halafu pitisha mistari ya kulala upate safu 4. Hesabu vyumba: 12. Theluthi ni kipande kimoja kirefu, kina vyumba 4, weka mahindi, punje moja kila chumba. Robo ni vyumba vingapi kati ya 12? Vitatu. Weka maharagwe 3 kwenye vyumba vilivyo wazi, usirudie vyumba vya mahindi. Hesabu vilivyojaa: 7. Kwa hiyo 1/3 + 1/4 = 4/12 + 3/12 = 7/12. Na hapo hapo, bila kuongeza kijiti, umepata somo la kutoa: vyumba vilivyobaki ni 5, yaani 12/12 − 7/12 = 5/12, hapo mama atachomeka mihogo.

Kitu kimoja mtoto lazima akione kwenye hilo shamba. Theluthi ilipoitwa 4/12, haikukua hata kidogo. Ardhi ni ile ile, imekatwa tu vipande vidogo zaidi. Ndiyo sababu ukizidisha asili kwa 4 unazidisha na kiasi kwa 4: vipande vimekuwa vidogo mara nne, kwa hiyo lazima viwe vingi mara nne. Watoto wengi wanabadilisha asili na kusahau kiasi, wanaandika 1/12 + 1/12. Huyo amemnyang'anya mama shamba! Akikosea hivyo, mrudishe kwenye udongo, siyo kwenye kanuni.

Kutafuta KDS nako kusiwatishe. Kuna ile njia ya jedwali la namba tasa ambayo mwalimu anaifundisha, nzuri, mtoto aifuate kwa mtihani. Nyumbani kuna njia ya mdomo. Tuseme ni 5/6 + 3/8. Shika asili kubwa, 8, uihesabu kwa kuruka: 8, je 6 inaingia? Hapana. 16? Hapana. 24? Inaingia mara 4. Simama hapo. 5/6 inakuwa 20/24, 3/8 inakuwa 9/24, jumla 29/24, yaani 1 na 5/24. Na kama mtoto alizidisha tu 6 kwa 8 akapata 48? Hajakosea. Atapata 40/48 + 18/48 = 58/48, na akigawa juu na chini kwa 2 anarudi kwenye 29/24. Amezunguka kidogo, kama mtu anayeenda sokoni kwa njia ya ziwani, lakini amefika.

Sasa kutoa. Hapa tuchukue hesabu ambayo kila nyumba ya Nakivale iliihesabu kwa tumbo. Mwezi wa nne mwaka 2020, Shirika la Mpango wa Chakula Duniani, ambalo hapa tunaliita WFP na tuliotoka upande wa Kifaransa tunaliita PAM, lilipunguza mgao wa wakimbizi Uganda mpaka asilimia 70 ya mgao kamili. Mwezi wa pili mwaka 2021 ukashuka tena mpaka asilimia 60. Baadaye mambo yakabadilika tena na tena, lakini tuchukue hizo hatua mbili, maana zina somo.

Asilimia 70 ni 70/100, kwa kifupi 7/10. Asilimia 60 ni 60/100, kwa kifupi 3/5. Kati ya hatua ya kwanza na ya pili tulipoteza nini? 7/10 − 3/5. Asili tofauti. KDS ya 10 na 5 ni 10. Tatu ya tano ni sita ya kumi. 7/10 − 6/10 = 1/10. Na ukitaka kujua tumepoteza jumla gani tangu mwanzo: mara ya kwanza 3/10, mara ya pili 1/10, jumla 4/10, ambayo ni 2/5. Hakikisha: kizima kutoa 3/5 ni 2/5. Sawa kabisa.

Lakini ngojeni, hesabu hii ina mtego, na ni mtego wa watu wazima. Mtu mmoja anasema kwenye hatua ya pili alipunguziwa moja ya kumi. Mwingine anabisha, anasema hapana, moja ya saba. Nani mwongo? Hakuna. Tuseme mgao kamili ungekuwa kilo 10 za posho. Kwenye asilimia 70 unachukua kilo 7. Kwenye asilimia 60 unachukua kilo 6. Kilo moja imekwenda. Yule wa kwanza anaipima kwa zile kilo 10 za zamani, ambazo hakuwa anazipata tena: 1/10. Yule wa pili anaipima kwa zile kilo 7 alizokuwa anabeba mpaka nyumbani: 1/7. Kilo ni ile ile, kizima ndicho kilichobadilika. Na mwenye watoto wanaokula alihisi ile ya saba.

Kwa hiyo kabla ya kujumlisha au kutoa sehemu yoyote, uliza: sehemu ya nini? Nusu ya shamba langu na theluthi ya shamba la jirani haziwi 5/6 ya kitu chochote, isipokuwa mashamba yawe sawa. Kwenye daftari la shule swali hili halitokei sana, kwa sababu kitabu kinasema kizima ni kimoja. Kwenye maisha linatokea kila siku, hasa watu watatu wakikodi shamba pamoja halafu mavuno yakaja.

Sehemu nyingine inayowashinda watoto ni kutoa pale unapolazimika kukopa. Una vikombe 3 na robo vya mchele. Unapika kikombe 1 na theluthi mbili. Kimebaki nini? Asili ni 12: 3 na 3/12 kutoa 1 na 8/12. Tatu kutoa nane haiwezekani, kwa hiyo tunakopa kizima kimoja kutoka kwa zile 3. Hapa mtoto mwerevu anafanya kosa la werevu: anakopa kumi! Amezoea kwenye hesabu za kawaida, ukikopa unapata kumi. Anaandika 13 kutoa 8 ni 5. Lakini kikombe kimoja hapa kina vipande 12, siyo 10. Anakopa 12/12, anaongeza 3/12 zake, anapata 15/12. Kutoa 8/12 ni 7/12. Na vizima: vilibaki 2, kutoa 1 ni 1. Jibu: kikombe 1 na 7/12. Kama asili ingekuwa 20, angekopa 20. Kukopa ni kuvunja noti: inategemea unavunja kwa sarafu gani.

Tuliuliza pia: mtoto akishapita mtihani, hii hesabu inamsaidia nini? Tumtume Mbarara na mama yake. Daktari ameandika dawa: nusu kidonge asubuhi, robo kidonge jioni, kwa siku 10. Kwenye dirisha la dawa wamepewa vidonge 6. Vinatosha? Nusu na robo ni 2/4 + 1/4 = 3/4 kwa siku. Siku 10 ni mara kumi ya robo tatu, yaani robo 30, yaani vidonge 7 na nusu. Walivyonavyo ni 6, sawa na robo 24, ambazo zitaisha siku ya 8. Siku mbili za mwisho mgonjwa hana kitu. Mtu akihesabu hivyo akiwa bado dirishani, anauliza pale pale kwa heshima, wanamwongezea au wanamweleza. Akihesabu akiwa ameshafika nyumbani, ni nauli nyingine ya kwenda mjini na kurudi, na wote mnajua nauli ya Mbarara. Kalamu na kipande cha karatasi havina uzito, mbebe.

Ndugu zetu Waislamu, Wasomali na wengine, wanaijua hesabu hii zamani kuliko shule, kwa sababu ya mirathi. Ndiyo maana Kiswahili chenyewe kina majina ya sehemu ambayo hatuyatumii tena: thumni ni moja ya nane, sudusi ni moja ya sita, tusui ni moja ya tisa, ushuri ni moja ya kumi. Mtu amefariki, ameacha mke, mama, baba na mtoto wa kiume. Mke anapata thumni, mama sudusi, baba sudusi, kinachobaki ni cha mtoto. 1/8 + 1/6 + 1/6: KDS ni 24, kwa hiyo 3/24 + 4/24 + 4/24 = 11/24, na mtoto anabakiwa na 13/24. Kama ni mbuzi 24, hakuna mbuzi anayekatwa katikati.

Kuna kisa mashuhuri katika elimu hiyo. Inasimuliwa kwamba Ali bin Abi Talib alikuwa juu ya mimbari akaulizwa kuhusu mtu aliyeacha mke, mabinti wawili, baba na mama. Mke thumni, mabinti theluthi mbili, wazazi kila mmoja sudusi. Jumlisheni: 3/24 + 16/24 + 4/24 + 4/24. Inafika 27/24! Mali haitoshi, watu wamezidi kizima. Akajibu papo hapo kwamba thumni ya mke imekuwa tusui. Yaani gawa mali mafungu 27 badala ya 24, kila mtu achukue idadi yake ile ile ya mafungu. Mke ana 3 kati ya 27, ambayo ni moja ya tisa. Wote wanapungukiwa kwa kipimo kimoja. Mtu kuipata hiyo kichwani, katikati ya hotuba, bila karatasi! Watoto wetu wapewe japo kijiti na udongo.

Zoezi la mwezi huu, mfanye na watoto jioni kabla giza halijaingia. La kwanza: 2/3 + 1/5. La pili: 7/8 − 5/6. La tatu ni la nyumba nzima. Mama amevuna gunia moja la maharagwe. Theluthi amepeleka kuuza Mbarara, 2/5 ameweka ya kula, 1/6 ameweka mbegu. Kilichobaki anataka kumlipa jirani, anayemdai 1/8 ya gunia. Kitatosha?

Majibu. La kwanza ni 10/15 + 3/15 = 13/15. La pili ni 21/24 − 20/24 = 1/24, kidogo sana, na mtoto asiogope kuona jibu dogo. La tatu: asili ni 30, 10/30 + 12/30 + 5/30 = 27/30, yaani 9/10. Imebaki 1/10. Deni ni 1/8. Kwa asili ya 40, deni ni 5/40 na mama ana 4/40, kwa hiyo amepungukiwa 1/40. Kama gunia ni la kilo 100, ni kilo mbili na nusu. Azitoe kwenye mbegu, kwenye chungu, au amwombe jirani asubiri mpaka pesa ya Mbarara ifike? Hilo halina KDS, mjadiliane wenyewe.